Malkia wa Ufaransa na makadinali wao: uanze na kitabu kipi?

Mtu akiniomba nimtajie kitabu kizuri cha malkia wa Ufaransa, humuuliza kwanza anamtaka kadinali yupi. Malkia wenyewe vitabuni hufanana kupita kiasi: binti wa ugenini anayeletwa kwa msafara, mara nyingi akiwa na miaka 14 au 15, mume asiyemjali, jumba lililojaa ndimi kali, miaka ya kungoja mtoto wa kiume. Hadithi zao zinatengana kwa yule mwanamume wa kanisa aliyesimama kando ya kiti. Kwa Anne wa Austria, Richelieu alikuwa adui. Mazarin alikuwa mshirika, na pengine zaidi ya mshirika. Rohan, wa Marie Antoinette, alikuwa bwege. Ukichagua hivyo, hutajikuta ukurasa wa 200 ukipiga miayo huku kitabu ulichokitaka hasa kipo rafu nyingine.

Vitabu nitakavyovigusa vyote vinapatikana kwa Kiingereza. Wanaosoma Kifaransa bila taabu, wa Bujumbura, Goma au Lubumbashi, wana faida yao kwa Dumas, na nitaieleza mwishoni.

Anne wa Austria: Dumas au Kleinman?

Wengi huanzia hapa kwa sababu ya The Three Musketeers ya Alexandre Dumas, iliyotoka mwaka 1844. (Kwa wasiojua: bibi yake Dumas, mzaa baba, alikuwa mtumwa wa asili ya Kiafrika huko Saint-Domingue, Haiti ya leo, na baba yake alipanda hadi kuwa jenerali katika jeshi la Ufaransa.) Ni riwaya ya askari na mapanga, ila kinachowakimbiza askari hao huku na kule ni ugomvi wa malkia na kadinali.

Malkia Anne amempa Buckingham, bwana mkubwa wa Kiingereza anayempenda, vipambo 12 vya almasi alivyopewa na mumewe mwenyewe, Mfalme Louis XIII. Richelieu anapata habari. Anamwagiza Milady, jasusi wake wa kike, akate viwili kwa siri kwenye nguo ya Buckingham, halafu anamshauri mfalme aandae dansi na amtake mkewe aje amevivaa. Malkia kakalia kuti kavu. D'Artagnan, kijana shujaa wa riwaya, anavuka bahari, Buckingham anafungua kijisanduku na kuona viwili havipo, anaitwa sonara. Sonara anaomba siku nane; anaahidiwa malipo maradufu avimalize keshokutwa. Usiku wa dansi kadinali anamkabidhi mfalme vile viwili vya wizi, akijua hesabu ya malkia itapungua. Vinahesabiwa. Viko 12.

Raha tupu, na sehemu kubwa ni ya kubuni. Buckingham alikuja kweli Ufaransa mwaka 1625, na kweli kulizuka kashfa katika bustani moja ya Amiens alipomsogelea malkia kupita mpaka. Lakini ukitaka kujua Richelieu alivyombana Anne katika maisha halisi, fungua wasifu wa Ruth Kleinman, Anne of Austria, wa mwaka 1985. Humo hamna mapanga. Mna barua.

Ni mwaka 1637. Ufaransa ina vita na Hispania tangu 1635, na Anne, licha ya hilo jina la Austria ambalo ni la ukoo tu, ni Mhispania aliyezaliwa Valladolid mwaka 1601. Anawaandikia ndugu zake kwa siri: mmoja ni mfalme wa Hispania, mwingine ni gavana wa Hispania kule Brussels. Huyo wa pili, Ferdinand, naye alikuwa kadinali, na miaka mitatu nyuma alikuwa amesimama mbele ya jeshi pale Nördlingen. (Ukishaona kadinali anaongoza vita bila mtu kushangaa, mengine yote ya karne hiyo yanakuwa mepesi kuyaelewa.) Mwezi wa Agosti mtumishi wa Anne, La Porte, anakamatwa na kutupwa gereza la Bastille. Kansela mwenyewe anakwenda kupekua chumba cha malkia katika monasteri ya Val-de-Grâce, alikokuwa akijificha kuandika. Anne anaapa mbele ya Ekaristi Takatifu kwamba hakuandika chochote cha kuikosea Ufaransa. Richelieu anamjia, anamweleza kwa upole kwamba ushahidi upo. Malkia anakiri, anatia sahihi kuahidi kutorudia. Mwaka mmoja baadaye, tarehe 5 Septemba 1638, baada ya karibu miaka 23 ya ndoa, anamzaa Louis XIV.

Kwangu mimi tukio hilo linatisha kuliko vipambo vyote 12. Dumas anakupa Richelieu mwenye hila na jasusi kila kona, nawe unamchukia kwa starehe. Kwa Kleinman unamkuta waziri ambaye malkia wake anawaandikia maadui wakati wa vita, na unaanza kujiuliza wewe ungefanyaje. Tahadhari tu: Kleinman ni mwanahistoria wa chuo, anakwenda hatua kwa hatua, na msomaji asiyeyajua majina ya mabwana wa Kifaransa atahitaji karatasi pembeni. Asiye na subira hiyo achukue Love and Louis XIV ya Antonia Fraser, ya mwaka 2006. Kinahusu wanawake wote waliomzunguka Louis XIV, ila kinaanza na mama yake, na Fraser anajua kusimulia.

Na Mazarin? Hapo Dumas ananiudhi. Katika Twenty Years After, ya mwaka 1845, kamfanya bahili mwenye lafudhi ya Kitaliano, mtu wa kuchekwa, anayeringia pete aliyopewa na malkia. Ubahili na utajiri ni kweli. Alipokufa mwaka 1661 aliacha mali ambayo hakuna raia mwingine wa ufalme ule aliyewahi kuifikia. Lakini mtu wa kuchekwa hawezi kupita salama pale Mazarin alipopita. Giulio Mazzarini, mzaliwa wa Italia, alipata ukadinali mwaka 1641 bila kuwahi kupewa daraja la upadre. Miaka miwili baadaye mfalme akafa, Anne akatwaa utawala kwa niaba ya mtoto wa miaka minne, na watu wakangoja amfukuze mtu huyu aliyeinuliwa na Richelieu. Akamfanya waziri mkuu. Ulipozuka uasi wa Fronde dhidi ya utawala wao, kuanzia 1648 hadi 1653, takriban vijitabu 5,000 vya kumshambulia vilichapishwa, vingi vikimtaja na malkia kitandani. Mazarin akakimbilia Brühl, Ujerumani, na kutoka huko wakawa wanaandikiana kwa namba na alama badala ya majina. Walioana kwa siri? Kwa kuwa hakuwa padre, uvumi haukuwa wa kipuuzi, ila ushahidi wa ndoa haujapatikana. Anayetaka hadithi hii, na ndiyo ninayoipenda kuliko zote, asitegemee riwaya. Asome Kleinman sura za nusu ya pili, au wasifu wa Mazarin ulioandikwa na Geoffrey Treasure mwaka 1995.

Kwa nini mtu wa kanisa?

Kitabu chochote cha mada hii kisichojibu swali hili kirudishe dukani. Sheria za Ufaransa hazikumruhusu mwanamke kurithi kiti. Aliweza tu kukikalia kwa niaba ya mwanawe mdogo. Mjane huyo ni mgeni, kaka zake wako nchi nyingine, na kila bwana mkubwa anayemzunguka ana damu ya kifalme na tamaa yake. Anamhitaji mwanamume hodari asiyeweza kudai kiti wala kuanzisha ukoo wa kukirithi. Zaidi ya hapo, mapatano ya mwaka 1516 kati ya Mfalme Francis I na Papa yalimpa mfalme haki ya kuteua maaskofu na wakuu wa monasteri. Kwa hiyo waziri mwenye joho aliweza kulipwa kwa mapato ya abasia badala ya kuikamua hazina. Alikuwa amesoma, na cheo cha kadinali kilimweka mbele ya mabwana waliozaliwa juu yake. Kleinman na Treasure wanakuonyesha utaratibu huo ukifanya kazi. Dumas hajishughulishi nao.

Marie de' Medici: nunua kitabu cha Richelieu

Ushauri huu utaonekana wa ajabu, lakini Marie, mama yake Louis XIII, anang'ara zaidi katika vitabu vya mtu aliyemwangusha. Yeye ndiye aliyemtoa Richelieu jimbo dogo la Luçon, akampigania apate ukadinali mwaka 1622 na nafasi katika baraza la mfalme mwaka 1624. Kikulacho ki nguoni mwako. Novemba 1630 alijifungia na mwanawe Louis XIII katika jumba lake la Luxembourg, Paris, amshawishi amfukuze kadinali, milango yote imefungwa. Kumbukumbu za wakati ule zinasimulia kwamba mlango mmoja wa upande wa kanisa dogo la jumba ulisahauliwa, na Richelieu akaingia humo. Marie alimporomoshea matusi mbele ya mfalme. Mfalme akaondoka bila neno, na wapambe wakamiminika kumpongeza mama mtu. Kumbe mfalme alikuwa kwenye nyumba yake ya uwindaji kule Versailles, na aliyeitwa huko ni kadinali. Wafaransa bado wanaiita Siku ya Waliodanganyika. Marie alitoroka mwaka uliofuata, akafia Cologne Julai 1642. Richelieu alimfuata Desemba hiyo hiyo.

Kwa hilo kuna Cardinal Richelieu and the Making of France cha Anthony Levi, cha mwaka 2000, chenye mtiririko wa kawaida wa wasifu. Kuna pia Grey Eminence cha Aldous Huxley, cha mwaka 1941, kuhusu Padre Joseph, Mkapuchini aliyekuwa mkono wa kulia wa Richelieu. Kinaanza na mtawa huyo akitembea pekupeku kuelekea Roma, na Huxley anashughulishwa na jambo moja: inakuwaje mtu wa sala za kweli kabisa awe pia mpishi wa vita vilivyoiteketeza Ujerumani. Malkia humo ni wapita njia. Lakini kama ni padri ndiye anayekuvutia, hakuna kitabu katika orodha hii kinachoingia moyoni mwa mtu wa kanisa kwa kina hicho. Vita vya Ulaya vilikuwa vinaendelea Huxley alipokiandika, na inasikika.

Catherine de' Medici: Frieda, Knecht, au tena Dumas

Catherine ana sifa ya sumu na mauaji, na Dumas kaikoleza katika La Reine Margot ya mwaka 1845: kitabu cha uwindaji kilichopakwa sumu kwenye kurasa, kilichokusudiwa mtu mwingine, kinaishia mikononi mwa mwanawe mwenyewe, Mfalme Charles IX, ambaye analowesha kidole mdomoni kila akifunua ukurasa. Charles halisi alikufa kwa kifua kikuu mwaka 1574.

Kati ya wasifu mbili za Kiingereza, ya Leonie Frieda (2003) ndiyo inayosomeka kwa raha. Ndiyo pia iliyozaa tamthilia ya runinga The Serpent Queen. Frieda yuko upande wa Catherine waziwazi. Anakuonyesha mjane aliyevaa nyeusi tangu mumewe, Mfalme Henri II, alipochomwa mkuki wa mashindano mwaka 1559, akiwashikilia wanawe wagonjwa kitini mmoja baada ya mwingine. Ya R. J. Knecht (1998) ni fupi, kavu, na makini zaidi kuhusu kipi kinathibitika na kipi ni porojo za maadui. Mwanafunzi achukue Knecht. Msomaji wa safarini achukue Frieda.

Makadinali wa Catherine ni wawili, na wanavutia kwa kupingana kwao. Charles wa Lorraine, wa ukoo wa Guise, alikuwa sauti ya Wakatoliki wakali. Katika mkutano wa Poissy mwaka 1561, Catherine alipowaweka maaskofu na wachungaji wa Kiprotestanti chumba kimoja wakijadili, yeye ndiye aliyejibu kwa niaba ya Kanisa. Na usiku wa mauaji ya Mtakatifu Bartolomayo, Waprotestanti walipochinjwa Paris, Agosti 1572, ambayo riwaya nyingi humbandika, alikuwa Roma. Wa pili ni Odet de Châtillon, kaka wa Admirali Coligny, kiongozi wa Waprotestanti. Aligeuka Mprotestanti, akaoa mwaka 1564 akiwa na joho lake jekundu, akakimbilia Uingereza na kufia huko mwaka 1571. Kaburi lake liko ndani ya kanisa kuu la Canterbury. Kwa nini hakuna aliyemtungia riwaya nzima, sielewi.

Marie Antoinette na kadinali aliyeingia mkenge

Hapa ushindani ni mkali. Stefan Zweig aliandika wasifu wa malkia huyu kwa Kijerumani mwaka 1932. Antonia Fraser kwa Kiingereza mwaka 2001. Zweig anasema tangu mwanzo kwamba huyu ni mwanamke wa kawaida ambaye historia ilimkamata na kumlazimisha awe mkubwa, na kila kitu anakipitishia hapo. Anaujua moyo wa binadamu, au anajidai kuujua: miaka saba ya ndoa isiyokamilika chumbani inamweleza, kwa maoni yake, karibu kila dansi na kila kofia. Fraser hakimbilii saikolojia. Anaanzia Vienna, kwa mama mtu, Empress Maria Theresa, na anakufanya umwonee huruma binti huyu bila kumtetea kwa kila kosa. Ile kauli ya kuwaambia maskini wale keki anaitupa nje: ilikuwa ikisimuliwa juu ya binti mfalme mwingine tangu zamani.

Pima wote wawili kwa kashfa ya mkufu. Kadinali Louis de Rohan, kasisi mkuu wa mfalme, alikuwa hasemi na malkia kwa miaka. Malkia alimchukia tangu alipokuwa balozi Vienna na kumuudhi mama yake. Rohan alitaka kurudishwa kundini kwa gharama yoyote. Akatokea Jeanne de La Motte, mwanamke mwenye njaa ya ukubwa, akamvisha kilemba cha ukoka: malkia ni rafiki yangu, amekusamehe, anataka umnunulie mkufu fulani kimyakimya. Mkufu ulikuwa wa livre (fedha ya Ufaransa ya wakati ule) milioni 1.6, uliotengenezwa na masonara Boehmer na Bassenge wakimlenga kimada wa mfalme aliyetangulia. Usiku mmoja wa Agosti 1784, katika bustani ya Versailles, Rohan alikutanishwa na msichana wa Paris aliyevishwa nguo nyeupe mfano wa malkia. Akapewa ua na maneno mawili matatu gizani. Akaamini.

Kisha ukaja mkataba wenye sahihi "Marie Antoinette de France". Malkia wa Ufaransa walitia sahihi kwa majina ya ubatizo tu, na kasisi mkuu wa mfalme, aliyezaliwa katika moja ya koo kubwa kabisa za nchi, alipaswa kulijua hilo kama anavyoijua Baba Yetu. Hakushtuka. Almasi zilichomolewa na kuuzwa London. Tarehe 15 Agosti 1785, Sikukuu ya Kupalizwa Bikira Maria, alikamatwa Versailles akiwa na mavazi ya misa, mbele ya umati. Na tarehe 31 Mei 1786 mahakama kuu ya Paris ikamwachia huru, watu wakashangilia. Maana ya hukumu ile kila mtu aliielewa: si ajabu kudhani kwamba malkia wetu angekutana na mwanamume bustanini usiku kwa ajili ya almasi.

Zweig anaigawa kashfa hii katika sura tatu na kuisimulia kama vichekesho vya jukwaani. Ni kurasa bora za kitabu chake, na Rohan wake ni mjinga wa kupendeza. Fraser yuko makini zaidi kwa malkia, anaonyesha kwa nini kosa lake kubwa lilikuwa kudai kesi ya hadharani badala ya kulimaliza ndani. Nikilazimishwa, kwa kashfa nampa Zweig ushindi, kwa maisha yote nampa Fraser. Fraser pia hamsahau kasisi wa pili, Abbé de Vermond, aliyetumwa Vienna mwaka 1768 kumfundisha binti huyu Kifaransa na akabaki sikioni mwake hadi 1789. Vermond ndiye aliyempigia debe Askofu Mkuu Loménie de Brienne hadi akashika hazina mwaka 1787, na Brienne akaondoka mwaka uliofuata hazina ikiwa imeshindwa kulipa madeni. Ukilinganisha, Rohan alikuwa kelele tu. Anayetaka kelele hizo peke yake ana How to Ruin a Queen cha Jonathan Beckman, cha mwaka 2014, kinachohusu kashfa hiyo mwanzo hadi mwisho.

Kabla hujapakua

Eleanor wa Aquitaine nimemwacha kwa makusudi. Wasifu wa Alison Weir wa mwaka 1999 ni mzuri, ila kumbukumbu za karne ya 12 juu yake ni chache, na sehemu kubwa ya maisha yake ni ya Uingereza. Wa kwenda naye ni wale wanaovutiwa na Abate Suger na Bernard wa Clairvaux, watu wa kanisa wa karne hiyo.

Dumas hana haki miliki tena, hivyo utampata bure kwenye Project Gutenberg, kwa Kifaransa na Kiingereza. Ukisoma Kifaransa, chukua asili na umemaliza. Kwa Kiingereza jihadhari: tafsiri za bure ni za enzi ya Malkia Victoria, na watafsiri wale walizifunika shuka sehemu za chumbani, hasa usiku wa D'Artagnan na Milady, mpaka huelewi kwa nini mwanamke yule ana hasira kiasi kile. Tafsiri ya Richard Pevear ya mwaka 2006 imezirudisha. Hiyo ni ya kununua.